NANI ALIMLETA TWIGA PWANI?



Wiki hii nimetumiwa tena ile picha. Mnara wa Vasco da Gama, msalaba juu, bahari nyuma, na maneno chini yake kwamba historia ya Malindi ilianzia hapo mwaka 1498. Vijana wetu wamejibu kwa hasira, na nawaelewa. Mmoja kaweka magofu ya Gedi. Mwingine kaweka yale makaburi yenye nguzo kando ya Msikiti wa Juma. Mwingine kaandika kwamba sisi tulikuwa na misikiti ya mawe na nyumba zenye vyoo ndani kabla Mreno hajaijua njia ya kuja huku. Watu wakapenda, wakasambaza, kisha kila mtu akalala.

Mimi pia nilipenda. Lakini leo nataka niseme jambo ambalo huenda lisipendwe sana. Jibu letu lina tundu. Tunamjibu mwongo kwa nusu ya ukweli, na ile nusu tunayoifunika ndiyo inayotuumiza leo kwenye ardhi, kwenye kitambulisho na kwenye soko.

Twende polepole.

MJI ULIKUWEPO

Kwanza tusimame pale tunapokubaliana. Al-Idrisi, mwanajiografia Mwislamu aliyemaliza kitabu chake mwaka 1154, aliandika kuhusu Malindi na chuma chake. Mambrui, hapo ng'ambo ya mto Sabaki, wachimbuaji wa Kenya na China wamekuta mabaki ya uyeyushaji wa chuma, na mwaka 2010 wakapata sarafu ya China ya enzi ya mfalme Yongle. Gedi kumetoka vyombo vya kaure vya China, shanga za Venice, taa ya chuma ya India na mkasi wa Uhispania. Mwaka 2024 UNESCO ikaiandika Gedi kwenye orodha ya Urithi wa Dunia. Na mwaka 1415 wajumbe wa Malindi walifika China na twiga, zawadi kwa mfalme. Hiyo ni miaka 83 kabla Vasco da Gama hajatia nanga.

Kwa hivyo anayesema tulianza 1498 ni mwongo au hajasoma. Hapo hatuna mjadala.

Sasa nikuulize wewe unayesambaza picha ya yule twiga kila mwaka. Twiga alitoka wapi? Twiga haishi kwenye mikoko. Hafugwi Shela wala Barani. Hakuja na jahazi kutoka Maskati. Kuna mtu aliyemfuata porini siku nyingi, akajua anakunywa maji wapi, akamtega bila kumuua, akamswaga mzima mzima hadi ufuoni. Mtu huyo hakuvaa kanzu. Hakujua kusoma hirizi wala barua ya mfalme wa China. Bila yeye, wajumbe wetu wangekwenda China mikono mitupu, na mkono mtupu haurambwi.

Mbona huyo mtu hayumo kwenye posti zetu?

MJI NI NJIA

Tumezoea kuitazama miji yetu tukiwa tumeipa bara mgongo. Tunahesabu majahazi, kaskazi na kusi, Oman, Gujarat, China. Ni kweli, lakini jahazi haliji kuchukua mchanga. Linakuja kwa pembe za ndovu, kwa ngozi, kwa nta, kwa pembe za kifaru, kwa nafaka. Na vitu hivyo vyote vilikuwa vinatoka bara, kwa miguu, vichwani na mabegani mwa watu.

Njia ilikuwa hivi. Waata, wawindaji wa upinde mrefu na mshale wa sumu, ndio waliomwangusha ndovu kule nyika za Tsavo na Galana. Waoromo, ambao wazee wetu waliwaita Wagala, walitawala nyika ile na walikuwa na fungu lao katika pembe. Wagiriama na Wamijikenda wengine wakawa katikati: walikwenda hadi kwa Wakamba na kwa Waoromo, wakanunua, wakasafirisha, wakauza pwani. Mfanyabiashara wa mjini alikuwa na nguo, shanga na waya wa shaba, na alikuwa na rafiki yake wa bara. Urafiki huo haukuwa wa salamu tu. Watu walichanjiana, wakawa ndugu, na ndugu wa kuchanjia hakuibiwa wala hakuachwa njiani. Kabla ya benki na kabla ya polisi, huo ndio uliokuwa mkataba.

Wenzetu wa Pembe ya Afrika walikuwa na mpango wa namna hiyo hiyo. Mji wa Harar, mji wa ukuta na malango na misikiti, uliishi kwa misafara ya ngamia iliyoshuka hadi Zeila na Berbera. Berbera ilikuwa inajaa watu msimu wa kaskazi, kisha majahazi yakiondoka inabaki karibu tupu. Upande wa mto Juba kulikuwa na Luuq na Bardera, mizigo ikishuka hadi Barawa. Na msafara haukupita nchi ya Wasomali bila abbaan, mwenyeji wa kabila la pale, aliyebeba dhamana ya mgeni na mali yake. Ukimdhulumu abbaan, njia imefungwa. Mji utakaa na malango yake na njaa yake.

Sote tumehifadhi Sura ya Quraysh madrasa, tukiwa hatujui hata kufunga kilemba. Ni sura ya misafara. Inawakumbusha Maquraysh safari zao mbili za mwaka, kisha inawaambia wamwabudu Mola aliyewaondolea njaa na khofu. Tazama hayo mawili: njaa na khofu. Biashara ya haki huondoa yote mawili. Basi ukiona mji umejaa historia lakini vijana wake wana njaa na wana khofu, jua kuna njia mahali imekatwa.

Hata jina la Gedi, ambalo tunaliandika kwa herufi kubwa kama ushahidi wa ustaarabu wetu, linasemekana ni neno la Kioromo. Na Gedi yenyewe haiko ufuoni. Iko ndani, kilomita kadhaa kutoka baharini, ukingoni mwa msitu wa Arabuko. Wajenzi wake walijua wanachokifanya.

MALINDI ILIPOMKARIBISHA MRENO

Hili nalo hatulisemi. Mwaka 1498 Mombasa ilimkatalia Vasco da Gama. Malindi ilimpokea, ikampa chakula, ikampa rubani wa kumvusha hadi India. Wengine husema ni ukarimu, mgeni njoo mwenyeji apone. Ukweli ni kwamba mfalme wa Malindi alikuwa na ugomvi na Mombasa, akaona amepata bunduki ya kukodi.

Malipo yake? Kwa karibu miaka mia moja Malindi ilikuwa rafiki wa Mreno. Mwaka 1593 Mreno akaanza kujenga Ngome ya Yesu Mombasa, mfalme wa Malindi naye akahamia huko huko, na biashara ikamfuata. Mji ukabaki nyuma kama kifuu. Kufikia mwanzo wa karne ya 19 Malindi ilikuwa magofu na vichaka.

Mji haukuuliwa na adui aliyetoka nje peke yake. Uliuliwa na tamaa ya kumtumia mgeni dhidi ya jirani. Tukumbuke hilo kila uchaguzi unapokaribia na mtu anapokuja na magari na noti kutuambia adui yetu ni yule wa mtaa wa pili.

SASA ILE NUSU TUNAYOIFUNIKA

Malindi ilifufuka katikati ya karne ya 19 chini ya masultani wa Zanzibar. Ilifufuka kwa mtama na ufuta. Majahazi yalijaa nafaka kwenda Arabuni, watu wakatajirika, nyumba zikajengwa, Mambrui na Takaungu zikanawiri. Nani alilima?

Watumwa. Tusizungukezunguke. Wanaume kwa wanawake waliotekwa bara, wengi wao kutoka nchi za kusini mbali, wakaletwa kwa majahazi na kwa misafara, wakauzwa, wakalimishwa mashamba ya Malindi na Mambrui. Waliowalimisha walikuwa Waislamu. Waliswali msikiti ule ule ambao sisi tunaupiga picha.

Kuna waliokimbia. Wakaingia nyika, wakajenga vijiji vyao vya watoro, kama Fuladoyo. Wakajitetea kwa mishale na bunduki. Hao pia ni historia ya Kilifi, na mimi sijawahi kuona hata mtu mmoja akiweka picha ya Fuladoyo siku ya kusherehekea urithi.

Tunaimba methali: mwacha asili ni mtumwa. Basi hebu tuigeuze kidogo. Je, yule ambaye asili yake ni mtumwa, tumwambie afuate nini? Wajukuu zake wako hapa hapa. Wako Mambrui, wako Malindi, tunaswali nao safu moja, na wengine bado wanaambiwa kwa kichinichini kwamba wao si wa ukoo fulani wanapokuja kuposa. Ijumaa tunasomewa kwamba hakuna bora ila kwa ucha Mungu. Jumamosi kwenye posa tunauliza nasaba. Huo ni unafiki, na mimi sioni haya kuuita jina lake.

Najua utakaloniambia. Utasema: kaka, ukiyaandika haya hadharani maadui wa Uislamu watayatumia. Wataandika kwamba Waislamu ndio waliouza watu.

Nakujibu hivi. Wao wanayajua tayari. Yamo vitabuni, yamo kwenye masomo ya shule. Anayeyakimbia ni sisi peke yetu. Na kila tunapoyakimbia tunamwachia mtu mwingine ayasimulie atakavyo, pamoja na kusahau kuwataja Wareno waliosafirisha watu, Wafaransa waliowapeleka watumwa kwenye mashamba ya miwa visiwani, na Waingereza waliotawala hapa tangu 1895 lakini wakaacha utumwa uwe halali Pwani hadi 1907. Mwenye kusema ukweli kuhusu nyumba yake ndiye ana haki ya kusema ukweli kuhusu nyumba ya jirani. Na Mwenyezi Mungu ametuamrisha tusimamie uadilifu hata kama ni dhidi ya nafsi zetu na wazazi wetu. Hiyo haikuwekewa sharti la kwamba maadui wasisikie.

MWAKA 1908

Hapa ndipo historia inapoingia mfukoni mwako.

Mwaka 1895 Mwingereza alikubaliana na Sultani wa Zanzibar kuitawala ile maili kumi ya pwani kwa niaba yake. Mwaka 1907 akafuta utumwa. Mwaka 1908 akaleta Sheria ya Hati za Ardhi. Kwa maneno rahisi: mwenye kudai ardhi ya pwani aje na dai lake, athibitishe, apewe hati. Isiyodaiwa ni ya Serikali ya Mfalme.

Nani aliweza kudai? Aliyejua sheria, aliyekuwa mjini, mwenye maandishi au mashahidi waliosikizwa. Waarabu, Waswahili wenye uwezo, Wahindi, Wazungu wachache. Nani hakuweza? Mgiriama aliyelima na ukoo wake, ambaye ardhi kwake haikuwa ya mtu mmoja na kaya yake haikuwa na karatasi. Mtumwa aliyeachwa huru mwaka jana yake, aliyelima shamba lile lile miaka 20 bila kuwa na hata shina la mnazi kwa jina lake. Na Waswahili maskini pia, na wavuvi wa Kibajuni, ambao kijiji chao kilikuwa kijiji tu. Wote hao walilala wenyeji wakaamka maskwota. Neno hilo hawakulijua hata maana yake.

Miaka mitano baadaye Mwingereza akaja na madai ya kodi na vijana wa kazi. Mekatilili wa Menza akasimama akakataa. Wakamkamata mwaka 1913, wakampeleka Kisii, akatoroka akarudi. Mwaka 1914 wakaipiga baruti Kaya Fungo, wakachoma nyumba, wakawataka Wagiriama watoke ardhi ya kaskazini ya Sabaki. Tunalipita sanamu lake pale Malindi kila siku, tunasema ni shujaa wa Wagiriama. Ni shujaa wa kila asiye na hati.

Sasa sikiliza hili vizuri, kwa sababu wengi wetu hatujawahi kuambiwa. Oktoba 1963, kabla ya uhuru, Kenyatta na Waziri Mkuu wa Zanzibar, Shamte, walibadilishana barua kuhusu pwani. Sisi Waislamu tunaikumbuka barua ile kwa fahari, kwa sababu ndiyo iliyolinda mahakama za Kadhi, ambazo leo zimo kwenye Kifungu cha 170 cha Katiba. Lakini barua ile ile iliahidi pia kwamba hati za ardhi zilizokwisha kusajiliwa Pwani zitatambuliwa daima. Kwa maneno mengine, aliyepata 1908 alindwe, na aliyekosa 1908 akose milele. Ardhi ya Serikali ya Mfalme ikawa ya Serikali ya Jamhuri, na ikaanza kugawiwa watu ambao hawajawahi kuonja hata madafu ya Kilifi.

Kadhi tukampigania, na tulifanya vizuri. Maskwota tukawaacha wajipiganie. Tukasema hayo ni mambo ya Wagiriama.

Na wala haikutusaidia. Hati nyingi za zamani ziliuzwa zamani sana, zikapita mikono, na leo mjukuu wa mwenye hati anapanga chumba Maweni. Mali bila daftari huisha bila habari. Uliza viwanja vya wakfu vya mtaani kwako, babu fulani aliyeacha minazi kumi kwa ajili ya mafuta ya taa ya msikiti: viko wapi? Nani ana karatasi?

LETA USHAHIDI

Mwaka juzi nilimsindikiza kijana mmoja wa mtaani kwetu kuomba kitambulisho. Ana cheti cha kuzaliwa, ana vyeti vya shule, amezaliwa na kukulia Malindi. Afisa akalitazama jina, akamtazama uso, akamuuliza: babu yako alitoka nchi gani? Akaambiwa alete stakabadhi za babu. Babu alikuwa mvuvi, stakabadhi yake ilikuwa ngalawa.

Tukiwa tumekaa kwenye benchi, kando yetu alikuwapo mzee wa Kigiriama kutoka upande wa Magarini, amekuja jengo lile lile kwa mambo ya shamba. Kazaliwa hapo, kazika wazazi hapo, miembe aliyoipanda imeshazeeka. Naye kaambiwa alete ushahidi kwamba ni pake.

Watu wawili, benchi moja, swali moja: thibitisha kwamba wewe ni wa hapa. Kijana anaitwa mgeni kwa sababu ya dini na jina. Mzee anaitwa mvamizi kwa sababu hana karatasi. Na hawakusalimiana. Kijana alidhani mzee hana habari na mambo yake, mzee naye alidhani huyu ni mtoto wa Mwarabu aliyemnyang'anya ardhi babu yake. Nilikaa katikati yao saa tatu nzima, na aibu ile bado ninayo, kwa sababu mimi pia sikusema kitu.

Na wengi husahau kwamba wapo Wagiriama Waislamu wengi, tangu wale wa karne ya 19 walioitwa mahaji waliposilimu na kuja mijini. Huyo mzee angeweza kuwa imamu wa kijiji chake.

NJIA IKIHAMISHWA, MJI HUFA

Harar ina somo jingine. Reli kutoka Djibouti ilipofika mwaka 1902 haikupanda mlima kwenda Harar. Ilisimama chini, na pale ikazaliwa Dire Dawa. Biashara ya misafara iliyoulisha mji kwa karne nyingi ikahama bila wenyewe kuulizwa.

Hapa kwetu, njia zimehamishwa kimya kimya. Waata waliokuwa mwanzo wa njia ya pembe walikuta mwaka 1948 nchi yao imekuwa mbuga ya Tsavo, na uwindaji wa baba zao umekuwa ujangili. Wakafungwa jela kwa kazi iliyowalisha masultani. Kiwanda cha korosho cha Kilifi kikafa, na mkulima akabaki na magunia yake akimngoja dalali amtajie bei. Mashamba ya chumvi Magarini yalilalamikiwa hadi mwaka 2005 Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ikafanya uchunguzi wa wazi, watu wakatoa ushahidi wa kufukuzwa kwenye ardhi na visima kuingia chumvi. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ya 2013 nayo ikakiri dhulma za ardhi za Pwani. Ripoti zipo. Kabatini.

Na ufuoni? Katiba, Kifungu cha 62, inasema ardhi iliyo kati ya maji kujaa na maji kupwa ni ya umma. Nenda Watamu au Malindi na mshipi wako wa samaki, ujaribu kupita kati ya kuta mbili za hoteli. Mji uliokuwa mlango wa bara na bahari leo umefungiwa nyuma kwa kukosa hati na umefungiwa mbele kwa ukuta. Katikati tumebaki sisi, tunapiga picha magofu.

BASI TUFANYE NINI

Sipendi maandishi yanayowasha moto kisha yanaondoka. Haya ni mambo manne ambayo kijana yeyote wa Kilifi anaweza kuyaanza mwezi huu.

La kwanza: kaa na mzee mmoja, mrekodi kwa simu yako. Muulize shamba lilikuwa la nani, nani alilima, kisima kilichimbwa na nani, kaburi la nani liko wapi. Sheria imeipa Tume ya Kitaifa ya Ardhi kazi ya kuchunguza dhulma za kihistoria, lakini tume haichunguzi kumbukumbu iliyokwisha kuzikwa. Na ukitaka kujifunza kupima ushahidi, usimrekodi wa ukoo wako tu. Mrekodi mzee wa Kigiriama, na mama ambaye nyanya yake alikuwa mjakazi, kama ataridhia kusema.

La pili: orodhesheni mali ya wakfu ya msikiti wenu. Kiwanja, mnazi, kisima, duka. Kamati ikikasirika, mkumbusheni kwa adabu kwamba wakfu ni wa Mwenyezi Mungu na kamati ni karani tu.

La tatu: kukiwa na baraza la ardhi, la chumvi, la ufuo, nendeni hata kama shamba si lenu. Hasa kama si lenu. Mtume s.a.w. ametuonya kuhusu anayedhulumu ardhi hata kipimo cha shubiri, na hakusema kwamba onyo hilo ni kwa ardhi ya Mwislamu peke yake. Na siku kijana wetu atakapoulizwa babu yake alitoka wapi, tutahitaji mzee wa Magarini asimame aseme: huyu namjua, babu yake alikuwa akituuzia papa, sisi tukimuuzia mahindi.

La nne: acheni kuitana mgeni. Mswahili si mgeni Malindi. Mgiriama si mgeni Sabaki. Mjukuu wa mtumwa si mgeni kwenye shamba lililonyweshwa jasho la babu yake, na kama kuna mwenye haki ya kwanza juu ya udongo ule, mimi nasema ni yeye.

Na ile picha ya mnara, msiache kuijibu. Lakini mara nyingine mkiweka yule twiga, muwekeni na aliyemleta. Muwekeni Mwata na upinde wake, Mgiriama na mzigo wake kichwani, nahodha na tanga lake, na yule aliyelima mtama bila malipo. Ukiwaona wote kwenye picha moja, ndipo utaelewa kwa nini waliotugawa mwaka 1908 walianza kwa kututenganisha, na kwa nini kazi yao bado inaendelea bila wao kuwapo. Tunaifanya wenyewe, kila siku, kwenye benchi.

Yule mzee wa Magarini nilimfuata nje siku ile, nikampa salamu kwa kuchelewa. Tumekubaliana niende kwake mavuno ya maembe yakianza. Nitakwenda na yule kijana.

Wabillahi tawfiq. Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.